UZI: Tuseme ndoto zinakamuliwa na kuuzwa kwa kilo. Nani atalala, nani atakula?

Mjukuu wa Nanyumbu (mtoa uzi)

Wakuu salaam, wakubwa shikamooni. Huu ni uzi wa kuchemsha bongo tu. Hakuna kampuni nyuma yake, kwa hiyo msije PM kuniuliza fomu zinatolewa wapi.

Tuseme kuna mashine. Unaivaa kichwani ukienda kulala, na asubuhi kwenye kikombe chake kuna majimaji, kiasi cha kijiko. Hiyo ndiyo ndoto yako ya usiku huo. Sheria za mchezo ni tatu. Ukishakamuliwa ndoto imetoka, huikumbuki hata kidogo. Majimaji yanachacha ndani ya siku mbili, lazima yawahiwe yakaushwe yawe unga. Na yeyote atakayelamba unga huo kabla ya kulala ataiota ndoto ile yeye.

Mimi nimekulia kwenye mikorosho, kwa hiyo nikisikia bidhaa mpya siulizi ni tamu kiasi gani. Nauliza inatoka shambani ikiwa katika hali gani na inabanguliwa wapi. Sehemu kubwa ya korosho yetu inapanda meli ikiwa ghafi, inakwenda India na Vietnam, huko ndiko inakovuliwa ganda na kupata bei. Ndoto nazo naziona zikipita njia hiyohiyo. Kofia zitagawiwa bure, vijijini kwanza, maana huko giza likiingia watu wanalala. Kutakuwa na chama cha msingi cha walalaji, kina mwenyekiti na katibu na mhuri. Kutakuwa na makato: ushuru wa halmashauri, mchango wa chama, gharama za ghala, na pembejeo, yaani mto na chandarua. Halafu mnada wa stakabadhi ghalani, yaani mzigo uko ghalani na wewe mkononi una risiti tu, kama tulioanza nao kwenye korosho mwaka 2007: barua za wanunuzi zinafunguliwa hadharani, bei inasomwa, walalaji wanaguna.

Na kangomba atakuwepo. Kwa wasiomjua, kangomba ni yule anayekuja kijijini kabla ya msimu, wakati mfukoni hamna kitu, anakupa hela leo na wewe utamlipa korosho zikiiva, kwa bei yake na kwa bakuli lake. Ndugu zangu wa Kagera kwenye kahawa wana butura, kahawa inauzwa ikiwa bado ua. Sasa mfikirie kangomba wa ndoto. Mtoto ana homa, anakupa elfu thelathini, wewe unamwandikia ndoto zako zote mpaka mwezi wa Ramadhani.

Nauliza mambo mawili. Nani atapanga madaraja? Na wewe binafsi ungeuza?

Chizi Maarifa

Nimeweka kambi hapa, naomba mkeka. Mimi kila nikilala nafukuzwa na mbwa. Hiyo ni daraja la ngapi?

Mjukuu wa Nanyumbu

Chizi, hiyo inakwenda kwenye masalia. Tutaichanganya na za watu waliotembea sokoni bila nguo, tunauza kwa pamoja.

Neva_Tu

Uzi mzuri, ila mtoa uzi hesabu yako ya mavuno haiko sawa.

Unadhani mtu akilala kwa muda wa saa nane anakamuliwa kwa saa zote nane. Usingizi wenye ndoto nyingi na nzito ni ule ambao macho yanachezacheza chini ya kope. Waliouandika kwa mara ya kwanza ni Eugene Aserinsky na Nathaniel Kleitman wa Chuo Kikuu cha Chicago, mwaka 1953. Unakuja kwa mzunguko wa dakika 90 hivi, na kwa mtu mzima ni kama robo ya usingizi wake wote au pungufu. Sasa sikia la biashara: vipindi vya mwanzo wa usiku ni vifupi, vya kuelekea asubuhi ndivyo virefu. Mzigo wako mkubwa upo kuanzia saa tisa usiku mpaka jua linapochomoza.

Yaani mama anayeamka saa kumi alfajiri kuwahi foleni ya maji hana mazao. Dereva wa daladala hana mazao. Muuza supu hana. Anayelala mpaka saa mbili, pazia zito, geti limefungwa, huyo ndiye mwenye shamba. Kofia zako za vijijini zitarudi na vikombe vikavu.

Mlinzi wa Zamu

Sisi tunaolala mchana tumefutwa kwenye daftari kabla halijafunguliwa.

Neva_Tu

@Mlinzi, hapana, nyinyi mna nafasi. Mwili una saa yake, na ndoto ziko karibu zaidi saa za asubuhi. Ukitoka lindoni ukajilaza saa mbili, unaweza kuingia kwenye ndoto mapema kuliko aliyelala saa nne usiku. Shida yenu ni bati kuwaka na jirani mwenye redio.

Mlinzi wa Zamu

Jirani mwenye redio, mtoto wa jirani mwenye redio, na muuza dagaa anayepita saa tano na kipaza sauti. Nitakamuliwa tangazo la dagaa.

Mjukuu wa Nanyumbu

Neva umenipindulia meza, na nimependa. Kumbe kinachouzwa hapa ni asubuhi ya mtu. Lakini mtaji hautakubali kushindwa na hilo. Kampuni itakuja na mkataba: tunakulipa usiamke. Halafu maji atachota nani? Atachota mtoto wa kike. Ng'ombe atakamuliwa na nani? Mtoto huyohuyo. Baba kalala, ana kofia, ndiye anayeingiza hela ndani ya nyumba, hakuna ruhusa ya kumgusa mpaka saa tatu.

Mama wa Chumbageni

Hilo la mtoto mmelipita mbio wanangu. Mtoto mchanga analala mchana na usiku. Hamkumfikiria?

Neva_Tu

Mama shikamoo. Nilikuwa naogopa kulitaja. Kwa mtoto mchanga karibu nusu ya usingizi wake ni wa aina hiyo ya macho kucheza, na analala zaidi ya nusu ya siku. Kwa hesabu za kiwanda, hakuna mlalaji anayemkaribia. Anachokiona humo ndani hakuna anayeweza kukisema, lakini mashine kwenye mchezo huu haiulizi.

Mjukuu wa Nanyumbu

Kwa mamlaka niliyonayo kama mwenye uzi naongeza sheria ya nne: chini ya miaka kumi na minane hakuna kofia.

Mtu wa Maua

Wacha nicheke bana. Sheria ya nne! Nani ataenda kuchungulia kwa nyumba ya mtu saa tisa usiku? Unga ni unga, haina cheti cha kuzaliwa.

Mimi natoka Maua, huku Meru, tunaishi na miraa, kwa hivyo hii maneno ya kuchacha siku mbili naijua vizuri. Miraa ikichunwa saa inaanza kuhesabu, ikifika siku ya tatu hiyo ni majani ya mbuzi. Ndio maana unaona pikapu zinashuka Nairobi kama zinakimbizwa. Kwa hivyo mtoa uzi, pesa haitakuwa kwa mlalaji na pia haitakuwa kwa kiwanda. Itakuwa kwa mwenye gari. Yeye akisema leo sipiti barabara yenu, kijiji chote mmelala bure.

Na jambo la pili ni serikali za wengine. Uholanzi walifunga miraa 2013, Uingereza 2014, na mkulima hapa hakuwa ameongeza wala kupunguza kitu kwa mti wake. Mwaka 2024 magavana wa Pwani wakapiga marufuku muguka, ile aina ya miraa ya Embu, watu wa Embu wakalia, mambo yakaenda kortini. Ndoto itakuwa hivyo hivyo. Asubuhi moja mbunge wa nchi fulani ataamka ameota kitu kibaya, atasema hii ni dawa ya kulevya, na ghala lako limejaa.

DukaLaDawa

Mimi nauza dawa, nikwambieni tu kwamba nusu ya kiwanda hiki tayari iko kwenye shelfu, kinachokosekana ni kikombe.

Chukua efavirenzi. Wengi walioitumia kwenye mchanganyiko wa ARV kabla WHO haijaipa dolutegravir nafasi ya kwanza mwaka 2019 watakusimulia ndoto walizoota: ndefu, zenye rangi, mtu anaamka amechoka kama alikuwa safarini kweli. Ndiyo sababu waliambiwa wameze wakati wa kulala. Meflokwini ya kuzuia malaria nayo inajulikana kwa ndoto nzito na hata madhara ya akili, mpaka Marekani mwaka 2013 wakaiwekea onyo lao la juu kabisa. Galantamini ni dawa ya wazee wenye ugonjwa wa kusahau. Mwaka 2018 Stephen LaBerge na wenzake walionyesha kwamba mtu akiamka usiku, akaimeza, akarudi kulala kwa mazoezi maalumu, uwezekano wa kujua yumo ndotoni unapanda: asilimia 14 kwa waliopewa kidonge kitupu, 27 kwa miligramu 4, 42 kwa miligramu 8. Na kwa Waxhosa wa Rasi ya Mashariki, Afrika Kusini, kuna mzizi wanaouita undlela ziimhlophe. Unasagwa, unapigwa na maji mpaka utoe povu, wanafunzi wa uganga wanakunywa asubuhi kabla ya kula, ndoto zinakuja usiku.

Sasa unaona mbolea itakavyotumika. Mlalaji akisikia daraja la kwanza linalipa mara tatu, atakuja dukani kwangu kuulizia kidonge cha kunenepesha ndoto, na mwezi wa pili ini linalalamika. Upande wa pili, amitriptilini inabana usingizi wa ndoto, na pombe inaubana nusu ya kwanza ya usiku halafu unarudi kwa fujo alfajiri. Kwa hiyo kituo cha kukusanyia kitakuwa na kile kifaa cha trafiki cha kupuliza. Mtu anakataliwa mzigo wake kwa sababu jana alikuwa kwenye ngoma.

Chizi Maarifa

Kwa hiyo mlevi anaota alfajiri kwa fujo na alfajiri ndiyo yenye mavuno. Dada wa dawa, umenipa mtaji.

Ustadh Baraza

Assalaam alaykum. Nimesoma kimya, sasa niseme kidogo kwa upande wangu.

Kwetu ndoto ni aina tatu: bishara njema itokayo kwa Mwenyezi Mungu, vitisho vya shetani, na mazungumzo ya nafsi yenyewe, yaani yaliyokushughulisha mchana. Hii ya kwanza imetajwa katika hadithi kuwa ni sehemu moja kati ya sehemu arobaini na sita za utume. Ukiona njema, adabu yake ni kumsimulia umpendaye tu. Ukiona mbaya, unaomba hifadhi, unatema mate makavu kushoto mara tatu, wala husimulii mtu. Nabii Yaaqub alimwambia mwanawe asiwasimulie nduguze ndoto yake, na ilikuwa ndoto njema. Sasa kama kusimulia tu kuna mipaka hiyo, kumlambisha mtu usiyemjua kuna hukumu gani? Sijamwona mwanachuoni aliyeandika kuhusu unga wenu, lakini mwelekeo mnauona.

Na kuna jambo la walaghai, ambalo nyote mmelizunguka. Imepokewa kwa Ibn Abbas, katika Bukhari, kwamba anayedai kuota asichoota atatakiwa Siku ya Kiyama afunge fundo baina ya punje mbili za shayiri, na hataweza. Wenye kuchanganya unga wa muhogo wakasema ni ndoto, wajiandae na shayiri.

Mpemba wa Ruwi

Ustadh alaykum salaam. Shayiri itakuwa haitoshi.

Mie nipo Muscat muda mrefu, na nnasema wazi, ningekuwa mnunuzi. Nyie mnamzungumza mlalaji tu, anayenunua hamumuulizi. Mie ntakwambia nani anunuaye. Ni mtu anayelala chumba cha watu sita Ruwi, kiyoyozi kinanguruma, na hajaota kwao siku nyingi kwa sababu ya uchovu. Mletee ndoto ya mtu wa Wete au Mkoani, alieota kawaida tu: yuko barazani, mvua imekatika, karafuu zimeanikwa juu ya majamvi zinatoa harufu. Hana haja ya kuruka wala ya dhahabu. Atakulipa riali.

Ila na mie nnajua mambo ya mnunuzi mmoja. Karafuu Zanzibar unaliuzia shirika la serikali, ZSTC, basi. Ndoto zikiwekewa utaratibu huo, za Pemba zitavushwa usiku kwa mashua kwenda Mombasa, nakuhakikishia.

Neva_Tu

Mpemba, pole kaka, nina habari mbaya. Harufu ni kitu adimu mno kwenye ndoto. Watu wakiamshwa na kuulizwa, wanataja kuona, kusikia, kukimbia, kuogopa. Harufu na ladha zinatajwa mara chache sana. Utapata jamvi na mvua na baraza. Karafuu utaziona tu.

Mpemba wa Ruwi

Basi nipunguzie bei.

Baridi_Kali

Naandika kutoka Minneapolis, nje theluji. Mnajadili kama kitu cha kubuni lakini huku nusu yake ipo.

Marekani inaruhusu mtu alipwe kwa plazima, yaani yale majimaji ya damu yake, mara mbili ndani ya siku saba, na sehemu kubwa ya plazima inayotengenezewa dawa duniani inatoka nchi hii moja. Ukipita kwenye vituo hivyo asubuhi utaona nani amekaa kwenye foleni: wanafunzi, watu wa vibarua, wahamiaji waliotumiwa ujumbe na nyumbani. Kiti kinalala, sindano, simu mkononi, saa nzima hivi, unatoka na hela kwenye kadi. Hakuna anayetajirika. Mgeni anapewa zaidi ili azoee, akishazoea kiwango kinashuka. Mtoa uzi, hapo weka kofia badala ya sindano, umemaliza kuandika biashara yako.

Na matangazo yamekwisha kufika usingizini. Mwaka 2018, msimu wa Halloween, Burger King walitoa baga yenye mkate wa kijani wakajinadi kwamba inaongeza majinamizi. Mwaka 2021 kampuni ya bia ya Coors, kabla ya Super Bowl, fainali ya mpira wa Kimarekani, iliwaalika watu watazame filamu fupi na walale na sauti zake ili waote milima, maporomoko na bia yao. Wanasayansi wapatao arobaini wa usingizi na ndoto waliandika barua ya wazi kulalamika. Hao walikuwa wanaingiza tu. Siku wakiweza kutoa, unadhani wataanza na nani?

Mjukuu wa Nanyumbu

Hiyo baga imenijibu swali la Chizi. Kama watu walinunua kitisho kwa hela yao, mbwa wake ana daraja. Tena huenda vitisho ndivyo vitakuwa na bei thabiti, maana havihitaji kukumbusha mtu chochote. Kila mtu anajua kukimbia.

Lakini kuna hoja sijaiona bado na inanikera. Ndoto nyingi tunazisahau tukiwa tunapiga mswaki. Basi mlalaji anapoteza nini hasa? Kampuni itamwambia: mzee, tunakulipa kwa kitu ambacho ungekitupa. Na nyinyi mtamjibu nini?

Chizi Maarifa

Nitamjibu leta hela.

Neva_Tu

Ningemjibu kwa Otto Loewi. Alikuwa profesa Graz, Austria, miaka ya 1920 ndiyo inaanza. Usiku mmoja akaamka na wazo la jaribio, akaandika kwenye karatasi, akalala. Asubuhi hakuweza kusoma mwandiko wake na ndoto yenyewe haikumbukiki. Siku nzima anaumia. Usiku uliofuata, saa tisa, ikarudi. Hakuandika tena, alinyanyuka akaenda maabara: mioyo miwili ya chura, mmoja una neva na mwingine hauna. Akausisimua mshipa wa neva wa kwanza, ukapunguza mapigo, akachukua maji yaliyouzunguka akauwekea wa pili, nao ukapunguza mapigo. Ndivyo ilivyojulikana kwamba neva zinazungumza kwa kemikali. Kemikali yenyewe ni asetilikolini, na mwaka 1936 akapata Nobel pamoja na Henry Dale. Halafu angalieni: asetilikolini ndiyo inayofurika kwenye ubongo wakati wa usingizi wa ndoto, na galantamini ya dada wa dawa inafanya kazi kwa kuizuia isivunjwe haraka.

Mwekee Loewi kofia usiku ule wa pili. Kikombe kimejaa, kimekwenda ghalani, kimekaushwa. Mfanyabiashara mmoja anaulamba, anaota mioyo ya vyura ndani ya glasi, anaamka anamlaumu mpishi. Mwenye kuielewa amebaki Graz anapiga mswaki.

Mama wa Chumbageni

Sasa na mimi niseme langu, na mniwie radhi kama nalipeleka uzi pengine.

Mama yangu alifariki. Namwota. Hasemi kitu kikubwa, anachambua mchele, ananiambia nisogee nisimzibie mwanga. Nikiamka siku hiyo yote inakwenda vizuri. Nimesoma maneno yenu ya madaraja na mnada nikajiuliza, nikiwa na shida ya ada, kangomba wenu akija, nitavaa kofia? Nadhani ningevaa, ada ni ada. Lakini usiku huo akija mama, amekwenda na kikombe. Mimi sitajua hata kama alikuja. Na huko aendako, mtu nisiyemjua, pengine mwanamume amelewa, atakuwa amekaa mbele ya mama yangu anamzibia mwanga. Hilo ndilo linalonikaa kooni.

DukaLaDawa

Mama, shikamoo. Nimeweka simu chini kidogo.

Mjukuu wa Nanyumbu

Mama shikamoo. Kwa sheria ya kwanza niliyoiweka mimi mwenyewe, ni kweli, usingejua. Chama kingekata ushuru wa halmashauri hapohapo kwenye mama.

Ustadh Baraza

Bi mkubwa, Mungu amrehemu. Hiyo ni ya kumsimulia umpendaye, kama nilivyotaja. Ungekuwa na haki ya kuikataa hata mbele ya stakabadhi.

Neva_Tu

Mama, naomba nikupunguzie moja, kwa sababu nadhani sheria ya tatu ya mtoa uzi haiwezekani hata kwenye mchezo.

Yukiyasu Kamitani na wenzake, Kyoto, mwaka 2013 walichapisha utafiti kwenye jarida la Science. Walichukua watu watatu, wakawalaza kwenye MRI, mashine ya kupiga picha za ubongo, wakawa wanawaamsha kila wanaposinzia na kuuliza wameona nini, zaidi ya mara mia mbili kila mmoja. Kompyuta ikajifunza kulinganisha. Baadaye ikawa inakisia: kuna gari, kuna jengo, kuna mwanamke. Ilipata kama mara sita kwa kumi. Lakini programu ya kila mtu ilifundishwa kwa ubongo wake mwenyewe. Namna unavyomhifadhi mama yako kichwani siyo namna mimi ninavyomhifadhi wangu. Hakuna picha moja inayoweza kukamuliwa hapa ikamiminwa pale.

Kwa hiyo mlevi akilamba unga wako, sidhani atamwona mama yako. Ubongo wake utapokea agizo tu: mtu unayempenda, kazi ya mikono, anakuambia usogee. Sura ataijaza yeye kutoka kwenye ghala lake. Atamwona mama yake, akichambua mchele kama kwao wanakula mchele, na kama kwao ni ugali basi atakuwa anapepeta mahindi.

Mtu wa Maua

Hapo kwa mama yangu ni githeri, atakuwa anachagua maharagwe. Hiyo nakubali.

Mpemba wa Ruwi

Ikiwa hivyo baraza nitakayoiona si ya mtu wa Wete, ni yetu. Neva, nimerudisha bei ya mwanzo.

Mjukuu wa Nanyumbu

Basi madaraja yote yamevurugika. Kama mlaji ndiye anayejaza, ndoto ya tajiri aliyelala mpaka saa mbili na ya mama mchota maji ni unga uleule. Mnunuzi atalipia nini, ukali wa hisia? Nani ataupima, kwa bakuli gani? Msimu wa 2018 wakulima waligomea bei za mnada mpaka serikali ikanunua yenyewe kwa shilingi 3,300 kwa kilo, na jeshi likaingia kubeba mzigo. Lakini korosho angalau unaitia kwenye mizani na kila mtu anaiona. Hapa anayeonja ndiye pekee anayejua, na akishaonja mzigo umekwisha. Hapo kangomba atafurahi sana.

Baridi_Kali

Watapima kwa mlalaji. Jina la kijiji kwenye pakiti, picha ya mama amevaa kanga, basi. Wanafanya hivyo kwenye kahawa.

Mama wa Chumbageni

Neva mwanangu, nimekusoma mara mbili. Umesema sura anaijaza anayelamba.

Neva_Tu

Ndiyo mama. Kwa nadharia yangu ya hapa uzini.

Mama wa Chumbageni

Basi mimi siuzi, nanunua. Nitafutieni ya mtu yeyote aliyemwota mama yake mzima, isiwe ya hospitali. Hata ikiwa ya mzungu. Bei gani?

Mtu wa Maua

Nitakuletea mama, gari linatoka alfajiri. Lakini nusu unatuma sasa hivi, na nauli ya kutoka mpakani Horohoro ni juu yako.